Nani Anaonja Kwanza

Juzi, sokoni hapa Lumumba, nilisimama mbele ya meza ya mama mmoja anayetengeneza chokoleti za mviringo. Kakao ya Mambasa ameikaanga na kuitwanga mwenyewe, akaichanganya na sukari na karanga. Kila donge analiviringisha kiganjani, kisha analigaragaza katika nazi iliyokunwa.

Tangu vita kati ya makabila yetu vianze, watu wa upande mmoja hawali kitu cha mikono ya upande mwingine, wakiogopa sumu. Kwa hiyo mama huyu huuma nusu ya kila donge, akaimeza mbele ya mnunuzi, ndipo anampa nusu inayobaki.

Akafika mzee mmoja. Kwa lugha aliyosalimia nayo, wote tulijua si wa upande wa yule mama. Mama akainua donge kinywani kama kawaida. Mzee akamshika mkono, polepole.

"Usionje, mama. Nipe yangu muzima."

"Hauogope, papa?"

"Kinywa niko nayo. Nitaonja miye mwenyewe."

Akalitia lote mdomoni. Tukamtazama shavu. Alitafuna bila haraka, akameza, akalamba nazi kidoleni.

"Sukari iko kidogo," akasema.

Mama akacheka hadi akajifuta macho kwa kitenge. Nyuma ya mzee tukanyoosha mikono, na hakuna aliyemtaka mama aonje.

"Ee! Leo miye sitakula chokoleti yangu hata moja?" akalalamika.

Wakubwa wetu hupanda ndege kwenda kuzungumzia amani. Sijui huko wanakula nini, wala nani anaonja kwanza.