Shamba la Marehemu Ndani ya Simu

Sogeeni, wanangu, mnyamaze kidogo. Juzi kwa fundi simu, Bur Dubai, mjane aliyetoka eda aliweka mezani simu ya marehemu mumewe.

"Kaka, nirudishie lile shamba la mchezo. Marehemu alililima na binti yetu miaka mitatu."

"Mlilihifadhi kwenye akaunti?"

"Sijui."

Shemeji yake, mdogo wa marehemu aliyemsindikiza, akainama. "Simu niliifuta yote, shemeji. Nilihofia zile nyimbo zilizokuwamo zitamwandama kaburini."

"Basi khalas, limekwisha," fundi akasema taratibu. "Nakala pekee ilikuwa humo humo simuni."

Mjane akakifuta kioo kwa ncha ya buibui, hakumlaumu mtu. Tunawafutia wafu madhambi, tunasahau kuwauliza walio hai.

Shemeji alirithi kanzu, mjane saa. Binti karithi simu, na shamba jipya lisilo hata mche.