Kuni za Simu

Miaka ya hamsini, kwetu milimani juu ya Mbeya, simu ilikuwa karatasi. Tarishi wa posta aliileta kwa baiskeli, nasi tulijua imebeba jambo moja tu: kifo. Nani angelipia simu kwa habari njema? Habari njema zilingoja barua.

Asubuhi moja tarishi alisimama uani kwetu. Mama alipoiona bahasha akaangusha ungo wa maharage, akapiga yowe. Hakungoja isomwe. Dada yangu alikuwa ameolewa Iringa, na alikuwa mjamzito. Majirani wakaja wanalia, kila mwanamke na mzigo wa kuni kichwani, maana kwetu msibani hakuendwi mikono mitupu.

Katekista akaitwa, akasoma kwa sauti: "Amejifungua mtoto wa kiume. Wote wazima."

Mama akajifunika uso kwa kanga. "Nisameheni jamani, nimewaliza bure." Mimi nilimkasirikia shemeji, na hasira hiyo bado ninayo. Barua ilimshinda nini?

Jirani yetu mmoja, bibi mwenye ulimi mkali, akafuta machozi, akautua mzigo wake jikoni. "Kuni za msiba hazirudi nyumbani," alisema. "Washeni moto, tumpikie mjukuu wetu."

Wakapika, wakala, wakaimba mpaka jioni. Kuni zilizobaki tulizitumia baridi yote ya mwaka ule. Nawashukuru mpaka leo: sijapata kuota moto mtamu kama ule wa msiba usiotokea.