Papa Anataka Niape Uongo Kortini Ili Asihamishwe

Wapendwa wa ukurasa huu, nawasalimu. Admin, ficha jina langu, maana hapa Kasongo tunajuana. Mimi ni msichana wa miaka kumi na minane, nimemaliza sekondari mwaka huu. Si mtu wa kuongea. Hata darasani mwalimu alikuwa akiniinamia ndipo asikie jibu langu.

Papa ni agronomu, yaani bwana shamba wa serikali. Ng'ombe wakila shamba la mtu, yeye ndiye anayepima hasara. Alikataa kuandika kwamba ng'ombe wa mkubwa mmoja hawakugusa mihogo ya watu, na haikuchukua muda ikaja barua ya kumhamishia Kabambare. Papa akasema hiyo ni adhabu, si uhamisho. Akatafuta avoka, wakili wa kumtetea, akapeleka kesi kortini. Nilijivunia sana baba yangu.

Tatizo likawa makabidhiano. Kwetu mtumishi anayehama lazima amkabidhi mwenzake ofisi na muhuri, wote wawili wasaini, ndipo yule mpya aanze kazi. Papa aliamini kwamba akisaini tu, kesi yake imekufa. Akauleta muhuri nyumbani, akawa analala nao chini ya mto, hata watu wa ofisini wakajua.

Asubuhi moja Mama alikuwa sokoni, nami nilikuwa uani natwanga sombe, majani ya mihogo, Papa ameketi karibu nami. Yule aliyetumwa kuchukua nafasi ya Papa akafika peke yake na pikipiki yake. Mkononi alikuwa na kalamu tu.

“Hodi, kaka. Nimekuja tena kwa ile remise-reprise, tukabidhiane ofisi.”

“Nilikuambia hapana.”

“Hata mimi sikuomba kuja huku. Bibi na watoto wamebaki Kabambare. Saini, kesi yako iendelee. Ao utakuwa agronomu wa kitandani, unaatamia muhuri kama kuku?” Akacheka.

Papa hakucheka. Alininyang'anya mchi, akampiga nao usoni. Nilisikia mfupa ukivunjika. Yule baba akaanguka juu ya kinu, damu ikachanganyika na sombe, na Papa akampiga tena, na tena, huku mwenzake akilia, “Kaka, jicho langu! Kaka!”

Kisha Papa akakimbilia ndani, akatoka na panga letu, akalitupa karibu na mkono wa yule mtu. Ndipo akapaza sauti: “Mwizi! Ananiua!”

Majirani walifika na fimbo na mawe. Hawakuuliza kitu. Walimkanyaga kifuani, wakamburuta hadi barabarani, wakachoma pikipiki yake. Nililia, “Mumuache! Hana kosa!” lakini katika kelele zile hakuna aliyenisikia. Polisi walipomwokoa, uso wake haukuwa tena uso wa mtu.

Yuko hospitalini hadi leo. Jicho moja limepotea, na taya limefungwa, hawezi kusema. Mtaani Papa anasifiwa kuwa shujaa. Avoka, ambaye hajui ukweli, anasema tukithibitisha kwamba mgeni alikuja na panga, korti itaona kwamba Papa anaonewa, na uhamisho utasimamishwa. Shahidi ni mimi peke yangu.

Bibi wa yule baba amekuja kutoka Kabambare na mtoto mgongoni. Alinikuta kisimani. “Binti, wanasema ulikuwa pale. Bwana yangu hajawahi kupiga hata mtoto wake. Niambie, nani alianza?” Niliinamisha kichwa, nikaondoka na ndoo tupu.

Nilimwambia Mama yote. Alilia, kisha akasema, “Baba ni baba. Akifungwa, wadogo zako watakula nini?”

Papa naye ananifundisha kila jioni. “Alikuwa na nini mukononi?” Siku za kwanza nilikuwa nanong'ona. Jana nikajibu, “Panga,” na sauti ikatoka wazi kabisa. Akanishika kichwa kwa upole, akasema, “Weye hausemagi ovyo, mwanangu. Ndiyo maana watakuamini.”

Najua barua ile ilikuwa ya uonevu. Papa alikuwa na haki, na bado nampenda. Lakini Jumatatu nitainua mkono niape mbele ya hakimu, na yule mama atakuwa ameketi pale na mtoto wake. Nikisema ukweli, nimemfunga baba yangu. Nikisema uongo, akipona yule mtu atatoka hospitalini aingie gerezani. Dada zangu, kaka zangu, wazazi, nishaurini kabla ya Jumatatu. Nijibu nini?