Aliyemsemea Mama wa Kofia

Jumamosi, mwisho wa Aprili. Mvua ilinyesha hadi saa sita, kisha jua likatoka kwa nguvu. Wasomaji wangu, yule jirani yangu wa hapa mtaa wa Lucky Summer aliyekuwa akituonyesha sinema ukumbini amefariki, na leo tulikuwa kwenye matanga yake. Nilimwonea wivu miaka mingi, na sina hakika kama wivu huo umekufa naye.

Alikuwa na kipande kimoja tu cha filamu ya kale, kisicho na sauti: mfalme wa Uingereza akipita kwa gari la farasi siku ya kutawazwa, watu wamejipanga kando ya barabara. Picha bubu lazima iwe na msemaji, ndivyo tulivyozoea hapa mtaani, na msemaji alikuwa yeye. Mimi gwaride lile nilikuwa nimelisoma na kuliulizia, kadiri ya elimu yangu ya darasa la saba. Yeye hakujali gwaride. Alimwonyesha kidole mama mmoja wa kofia pana aliyenyoosha shingo, akamsemea: "Harakisheni hao farasi, maharagwe yangu yanaungua!" Ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Nami nilicheka, shingo upande. Lakini nisimpunje: hakumdharau mtu yeyote kwenye picha ile, hata mfalme mwenyewe.

Leo mjane wake aliniita. "Shemeji, tusemee wewe." Moyo ukaruka. Hatimaye! Shuka jeupe likatundikwa ukumbini, kile kipande kikaanza, nikasimama, nikaanza kueleza: hawa ni askari wa farasi, lile ndilo taji. Kijana mmoja akanipazia sauti mimi mzee, "Buda, hiyo si tunaiona?" Watu wakacheka. Nikaendelea. Kisha ile kofia pana ikatokea, na kabla sijafungua mdomo, waombolezaji wote wakasema kwa pamoja, "Harakisheni hao farasi, maharagwe yangu yanaungua!" Mjane alisema nao, akilia na kucheka. Nikakaa chini.

Funzo nililopata, kama kweli ni funzo: mimi nilimtazama mfalme kwa sababu picha ilipigwa kwa ajili yake. Jirani yangu aliwatazama waliosimama kumngoja, na hao ndio waliofanana nasi. Ningependa kuwaambia kwamba sina wivu tena. Ninao, na leo umezidi. Jioni mke wangu aliniuliza ni nani aliyeisemea picha. "Bado ni yeye," nikamjibu. Tulikula ugali na omena.