Makoti ya Burma Mbele ya Majaji Watatu

Miaka hiyo ya mwanzoni mwa themanini, hakuna muuza nyama katika bucha ya mjomba wangu pale soko la nyama la Burma aliyekuwa na koti lake mwenyewe. Makoti meupe, au tuseme yaliyowahi kuwa meupe, yalitundikwa kwenye misumari ukutani, na aliyefika alivaa lililokauka. Soko zima lilijua hivyo. Ndiyo maana hakuna aliyekumbuka kulisema mjomba aliposhtakiwa kwa mauaji.

Mnunuzi mmoja wa ngozi alikutwa nyuma ya soko amechomwa kisu. Siku chache kabla, mjomba alikuwa amegombana naye mbele za watu. Polisi wakachukua koti kwenye msumari uliokuwa karibu na gogo lake la kukatia nyama, na mkemia wa serikali akakuta damu ya mtu ndani ya damu ya ng'ombe, tena ya kundi moja na la marehemu. Wauza nyama hujikata vidole kila kukicha, lakini wakili aliyepewa na serikali hakujua, na mjomba hakuona sababu ya kumfundisha msomi jambo ambalo hata paka wa soko walilijua. Mahakama Kuu ikaamuru anyongwe.

Mama, dada yake mkubwa, ndiye aliyemlea wazazi wao walipofariki. Hakulia. Alinipiga marufuku tu kutaja kamba ndani ya nyumba, hata ile ya kuanikia nguo. Nilimwonea huruma mpaka nikakasirika.

Rufani ilipokatwa, mimi ndiye niliyekuwa mtaalamu. Nilikuwa nachapa taipu katika ofisi moja mjini, na kwa mtaa wetu wa Shauri Moyo hiyo ilitosha kunifanya nusu wakili. Nikawaeleza wauza nyama kwamba kwenye rufani mashahidi hawaitwi tena. Majaji husoma yaliyoandikwa katika mahakama ya chini na kupima kama yanatosha.

"Sasa watapima aje na hawajaona hata hiyo koti?" akauliza mmoja wao, aliyefanya kazi na mjomba.

Hawakunisadiki. Siku ya rufani walijaa mahakamani na suti zao za kanisani, kila mmoja akingoja kuitwa. Hakuitwa mtu. Yule aliyeniuliza alipochoka kungoja, akasimama.

"Mheshimiwa, hizo makoti ni za wote! Mtu anavaa yenye anapata!"

Akatolewa nje. Nilitamani sakafu inimeze. Majaji wakaendelea kana kwamba ni inzi tu aliyepita, kwa kuwa asiyekula kiapo ni kama hajasema. Lakini baadaye mmoja wao, akifunua kurasa za kesi, akafika pale polisi aliposema kwamba alilitoa koti lile kati ya mengine. Akamuuliza wakili wa serikali ni nani aliyelivaa siku hiyo. Wakili akatafuta kwenye karatasi zake. Akatafuta tena.

Uamuzi ulipotolewa, majaji walisema si kazi ya mshtakiwa kueleza koti ni la nani. Ni kazi ya serikali kuthibitisha, na haikuthibitisha. Ugomvi peke yake hauui mtu. Mjomba akaachiliwa, na yule mwenzake aliyetolewa nje anaamini hadi leo kwamba ni yeye aliyeshinda kesi.

Mtaani waliniuliza, "Basi nani alimuua?" Nikajibu kwamba mahakama haikuulizwa hilo. Walinitazama kama niliyewapunja nyama.

Jumapili iliyofuata tulichoma mbuzi. Kwetu, mjomba ndiye aliyekata nyama siku zote, na alikuwa amekwisha kunja mikono ya shati. Mama akachukua kisu na kumpa baba, ambaye hajui kukata hata mkate.

"Wewe pumzika," akamwambia. "Umechoka."

Mjomba akaketi. Baba akahangaika na mguu wa mbuzi, na hakuna aliyecheka.

"Dada," mjomba akasema, "wale majaji walisema nini?"

"Walisema urudi nyumbani."

"Na wewe unasemaje?"

Mama akamsogezea sahani. "Kula," akasema. "Nyama inapoa."