Kosa la Mpanga Herufi

Kila Jumamosi, mzee aliyekuwa mpanga herufi katika kiwanda cha kuchapa vitabu husimama kwenye kibanda cha vitabu cha Huda, Msimbazi, akisoma vitabu asivyonunua. Hulamba kidole akafunua, kisha hupitisha kidole gumba, kilichopondeka kwa miaka ya kubana herufi za risasi, chini ya kila mstari. Huda akimwamkia, huitika "Marahaba" bila kuinua macho.

Jumamosi iliyopita alifungua kitabu cha afya cha shule, moja ya nakala za bei rahisi ambazo Huda alizinunua kwa mchuuzi wa kupita. Kidole gumba kikakwama kwenye mstari mmoja. "Maji ya kunywa yasichemshwe," alisoma. "Hiyo 'si' niliiweka mimi, kwa makosa. Tulivirudisha vyote, tukavichoma, tukachapa upya. Hawa wezi wa vitabu wamenakili kibovu kimoja kilichosalia." Akatoa kalamu nyekundu, akaikata silabi, akachukua nakala nyingine.

"Babu, unaniharibia mali," Huda alisema, akimshika mkono. "Nani atanunua kitabu kilichochorwa?"

"Wasinunue." Akauchomoa mkono wake, akaendelea, akikandamiza kalamu mpaka karatasi ikatoboka. Hakuacha hadi rundo lote likaisha, jasho likimtiririka shingoni.

"Vingapi vimeshatoka?" akauliza.

Huda alijifanya anapanga madaftari.

"Nakuuliza, vingapi?"

"Arobaini. Alichukua mwalimu mmoja, juzi."

Mzee akageuza kiganja chake juu, akampa Huda ile kalamu. "Niandikie hapa jina la shule."