Sharti la Dhamana

Wakili wa mumewe hakuwahi kupandisha sauti, na hilo ndilo lililomkera Vimlesh kuliko yote. Alitafuna mbegu za shamari, akainama kumgusa mama mkwe wa Vimlesh miguu kwa heshima, akaifuta miwani kwa utepe mweupe wa shingoni wa vazi lake la uwakili, kisha akaomba dhamana kabla mteja wake hajakamatwa kwa kumvunja mkewe mkono. "Mheshimiwa, haya ni mambo ya jikoni tu. Mteja wangu yuko tayari kumpokea mkewe leo hii." Hakimu akakubali: mume asikamatwe, mradi amrudishe mke nyumbani.

Ukumbini, wakili akamnyooshea Vimlesh kiganja chake laini chenye shamari. "Kula, binti. Umerudishiwa nyumba yako."

"Nyumba nilimovunjiwa mkono, baba?"

"Ah, vyombo vikikaa pamoja havikosi kugongana. Usizungumze kwa sauti, watu wanasikia."

Kwa upole uleule akamchukulia mkoba wake wa nguo, akaubeba mwenyewe hadi kwenye gari la wakwe, akaufungia mlango. Vimlesh hakumfuata; akaketi sakafuni mbele ya mlango wa hakimu, mkono wenye plasta pajani.

"Binti, twende, wanakungoja," wakili akasema aliporudi.

"Mkoba umeshaingia," akasema. "Waende nao."